Umeme wa Upande wa Pili: kwa mnaoanza kuandika simulizi za mashine

Nilianza kuandika simulizi nikiwa bado fundi umeme wa majumbani, begi la zana mgongoni, leo Magomeni, kesho Manzese, keshokutwa Mbagala. Mchana napitisha nyaya kwenye mabomba, usiku naandika sehemu moja na kuirusha kwenye kundi la WhatsApp. Asiyeweza kusubiri anatuma shilingi 1,000 kwa simu, namtumia sehemu zote zilizo tayari. Iliyonipatia wasomaji ni ile ya kijana wa Manzese aliyeokota mashine ya ukubwa wa ndoo ya lita 20, inayovuta umeme kutoka dunia nyingine. Kwenye simulizi inaitwa Kisima. Tangu hapo vijana wanaotaka kuandika mashine za aina hiyo hawaishi kunitumia rasimu, na karibu wote wanajikwaa pale pale nilipojikwaa mimi. Nimeona niandike mara moja, yaishe.

Sehemu ya 4 ndiyo iliyoniumbua. Mgao umepiga, mtaa mzima giza, joto la Februari, watu wamekaa barazani wanajipepea na maboksi. Kijana anaingia chumbani, anafunga waya kwenye Kisima, anachomeka kwenye soketi ya ukutani. Taa inawaka. Halafu taa ya korido. Halafu nyumba ya jirani, halafu mtaa wote mpaka Tip Top, watoto wanakimbia nje wakipiga kelele "umerudiiii!" Nikamalizia hapo, nikaandika "itaendelea", nikalala usingizi wa mtu aliyeridhika na kazi ya mikono yake.

Asubuhi nikakuta msomaji mmoja amenitumia sauti ya dakika nne. Alijitambulisha kuwa ni fundi wa laini, wale wanaopanda nguzo. Hakunitukana. Alianza kwa kusema hadithi ni tamu na mkewe anaifuatilia, kisha akasema: "Ila kaka, pale umemuua mwenzangu na hata hukumtaja."

Nilijua anachosema kabla hajamaliza sentensi, na ndiyo maana niliona haya. Transfoma haina mlango wa kuingilia na mlango wa kutokea. Ile iliyoko kwenye nguzo ya mtaani inapokea volti 11,000 na kuzishusha hadi 400 za fezi tatu (nyaya tatu za moto), ambazo ndizo 230 kwa nyumba yenye fezi moja. Ukiisukumia 230 kutoka chini, yenyewe inapandisha juu kama vile hakuna kilichobadilika. Laini iliyozimwa inafufuka. Mafundi wa laini wana utaratibu wao wa kupima na kufunga laini na ardhi kabla ya kugusa, lakini siku mtu amekosea hatua moja, kijana wangu wa Manzese ndiye muuaji. Jenereta ndogo ya dukani ingekuwa na nafuu: ingezidiwa na mzigo wa mtaa mzima na kuzima yenyewe. Kisima nilikiandika kuwa nguvu zake haziishi, kwa hiyo hakizimi.

Na kwa miaka yote ile mimi nilikuwa nawafungia watu chenji ova, ile swichi inayohakikisha nyumba inakula ama umeme wa nguzo ama wa jenereta, kamwe si vyote viwili. Nimewahi kugombana na mwenye baa moja aliyetaka niiruke hatua hiyo ili aokoe hela. Usiku nikikaa kuandika nikasahau ninachokijua mchana. Hili ndilo kosa la kwanza la wengi wenu, mkubali msikubali: mkishaandika kwamba nguvu imetoka dunia nyingine mnadhani kila kitu baada ya hapo kina ruhusa.

Ruhusa mnayo moja tu. Msomaji atakubali kwamba umeme unatoka upande wa pili, kwa sababu bila hilo hakuna hadithi. Lakini umeme ukishatoka kwenye mashine ukaingia kwenye waya, ni umeme ule ule wa kituo cha Ubungo. Unachoma fyuzi, unaangusha breka, unatafuta ardhi, unaua mtoto aliyelowa.

Nikaiandika upya sehemu ya 4, na hapo ndipo nilipogundua kwamba ukweli una njama nyingi kuliko kichwa changu. Kwanza, chumba cha kijana kina fezi moja. Akichomeka Kisima, haziwaki nyumba zote, zinawaka zilizo kwenye fezi ile ile, tuseme theluthi ya mtaa. Mkazi yeyote wa Dar anaijua hali hiyo: kwako giza, kwa jirani feni linazunguka, unabaki kujiuliza kama ni LUKU yako, umeme wa kulipia kabla, imeisha au fezi imekwenda. Sasa fikiria ugomvi. Mama wa genge ana taa, mwenye saluni pembeni yake hana. Mwenye saluni anasema kuna mtu amehonga. Mjumbe anaitwa. Kurasa nzima zilijiandika bila mimi kutafuta neno. Pili, nikamweka mtu juu ya nguzo. Sikumuua, alikuwa amevaa glavu na alikuwa bado hajashika. Lakini alisikia transfoma ikianza kunguruma chini ya miguu yake wakati ilitakiwa iwe kimya, na sehemu ya 5 yote ni yeye akishuka polepole kuutafuta mlango wa kijana.

Huo mngurumo nao uuchunguze. Umeme wetu unapiga mawimbi 50 kwa sekunde, na chuma cha transfoma kinatikisika mara mbili kwa kila wimbi, kwa hiyo unachosikia ni mtikisiko wa mara 100 kwa sekunde. Mwanafunzi mmoja wa uandishi aliniandikia kwamba mashine yake "ililia kama nyuki milioni". Sawa, lakini nenda kasimame chini ya nguzo kwanza.

Sasa namba. Najua wengi mmekimbilia uandishi mkikwepa hesabu, poleni. Kila rasimu ninayopokea ina mashine ya "nguvu isiyo na mipaka", na hapo hapo imechomekwa kwenye soketi ya kawaida. Soketi yetu ya pini tatu ni ya ampea 13. Zidisha kwa volti 230, unapata wati 2,990. Kilowati tatu, basi: pasi tatu. Hata mashine yako ikiwa imebeba jua zima, kupitia tundu lile zinapita pasi tatu tu, na fyuzi ya plagi iko pale kukukumbusha. Ukitaka Kisima kitoe megawati 1, yaani pasi elfu moja kwa mpigo, kwa fezi tatu za volti 400 utahitaji kusukuma ampea zaidi ya 1,400. Waya wa namna hiyo si wa kuviringisha mfukoni. Ni shaba ya unene wa mkono, watu wawili wanaibeba. Na transfoma yenyewe ya mtaani mara nyingi ni ya kVA 100 au 200, yaani kama kilowati 100 au 200, ukiipelekea mara tano ya uwezo wake itachemsha mafuta yake mpaka imwage. Ukipandisha hadi volti 11,000, mzigo ule ule wa megawati unapita kwa ampea 52 hivi. Ndiyo sababu ya nguzo ndefu na vikombe vya kauri. Kwa hiyo mhusika wako akiwa mjanja, kabla hajatafuta kitu kingine anatafuta transfoma ya kuokota, na transfoma haziokotwi; hapo ana shida, ana mtu wa kumhonga, ana usiku wa kuiba. Hadithi hiyo.

Joto ndilo linalosahaulika zaidi. Tuseme mashine yako ni bora kuliko zote duniani, inapoteza asilimia 1 tu. Asilimia 1 ya megawati 1 ni kilowati 10. Pasi kumi zimewashwa ndani ya ndoo moja, ndani ya chumba cha bati, Manzese, mwezi wa pili. Nilipopiga hesabu hiyo nilimhamisha kijana wangu haraka. Kwa sura nne alikuwa analala pembeni ya Kisima akikipapasa kama paka.

Mwingine alinitumia mashine inayogeuza vitu vya upande wa pili kuwa nguvu tupu, na mafuta yake ni punje moja ya mchele. Nikamwambia tupige hesabu pamoja, kwa fomula ile maarufu ya Einstein ya 1905. Gramu moja ya kitu chochote ikigeuzwa nguvu yote inatoa uniti (kilowati-saa) kama milioni 25. Bwawa la Julius Nyerere kule Rufiji lina mitambo 9 ya megawati 235 kila mmoja, jumla 2,115. Ingebidi yote ifanye kazi kwa uwezo wake wote karibu saa 12 ili kuzalisha gramu ile moja. Punje za mchele kama 40 ndizo gramu, kwa hiyo punje moja ni uniti zaidi ya laki sita. Alikuwa amemwandika bibi anayetumia punje tatu kuchemshia maharage. Tukacheka sana kwenye simu. Bibi amebaki, ila sasa punje moja inamtosha yeye, na wajukuu, na wajukuu wa wajukuu, na hadithi imekuwa ya nani arithi ile punje. Ni nzuri, subirini aitoe.

Tuje kwenye chanzo. Hapa nitakaa kidogo, maana ndipo simulizi inapopata roho au inapokosa.

Kuna kitu halisi ambacho wengi mnakisikia mitandaoni na kukimbilia: kwamba hata nafasi tupu ina nguvu ndani yake. Ni kweli. Mwaka 1948 Mholanzi Hendrik Casimir alionyesha kwa hesabu kwamba bamba mbili za chuma zisizo na chaji, zikiwekwa karibu mno kwenye utupu, zitavutana. Mwaka 1997 Steve Lamoreaux wa Marekani aliipima nguvu hiyo. Kutoka hapo watu wanaruka moja kwa moja hadi "tuvute umeme kutoka utupu". Wanachosahau ni kwamba utupu ndiyo hali ya chini kabisa. Maji yanazungusha mtambo wa Kidatu kwa sababu yanaporomoka kutoka juu kwenda chini. Yakishafika baharini yapo mengi kupita kiasi, lakini kwa kuporomoka hayazungushi hata gurudumu la baiskeli, hayana pengine pa kushuka.

Kwa hiyo dunia yako ya pili lazima iwe "juu" kuliko yetu kwa namna fulani: ina joto zaidi, ina mgandamizo zaidi, nguvu zake zina kiu ya kushuka kuja huku. Ukishaamua hivyo, swali linakuja lenyewe. Bwawa hupungua. Tuliokuwepo 2006 tunakumbuka Mtera ilivyokauka na mgao uliofuata. Watu walinunua mishumaa kama wanaomboleza. Kisima chako kikivuta usiku na mchana, kule kina kinashuka, na kama kule kuna watu, kuna mtu amekaa barazani anajipepea na boksi. Waandishi wengi chipukizi wanaukwepa upande huo kwa kusema "nguvu haina mwisho". Ukisema hivyo umejinyima nusu ya hadithi kwa hiari yako. Yule fundi wa laini alinikumbusha kwa swali moja tu: "Wa kule wakikatika, wanampigia simu nani?" Nilishindwa kumjibu, na kwa sababu hiyo simulizi yangu imefika sehemu ya 18 wakati nilipanga iishe ya 10.

Kuhusu neno dimensheni, ambalo wengi wenu mnaliita hiyo dunia nyingine. Kwa wanahisabati si mahali, ni mwelekeo: urefu, upana, kimo. Mwanahisabati Theodor Kaluza alipendekeza mwelekeo wa ziada mwaka 1921, na mwaka 1926 mwanafizikia Oskar Klein akasema huenda umejikunja mdogo kiasi kwamba hatuwezi kuuona. Kwamba ni dunia nyingine yenye milango, hiyo ni desturi ya sisi watunga hadithi, na hakuna ubaya mradi ujue unafanya nini. Mimi mwanzoni niliandika "lango la dimensheni ya saba" kwa sababu saba inasikika vizuri. Kwenye kijiwe cha kahawa Magomeni kuna mzee husomewa simulizi zangu na mjukuu wake, akauliza, kashata mkononi: "Na hizo sita za mwanzo ziko wapi?" Nikafuta saba. Siku hizi naandika "upande wa pili".

Mzee huyo huyo alidhani Kisima kinaendeshwa na majini. Hili msilidharau. Msomaji wetu ana dunia za pili tayari kabla hujamletea yako: ana ujinini, ana kuzimu, ana Gamboshi, kijiji kinachosimuliwa kwa uchawi. Ukimwambia mashine inavuta nguvu kutoka kusikoonekana, kichwani mwake ubani umeshafuka. Unaweza kulitumia hilo, na baadhi yenu mtalitumia vizuri kuliko mimi, lakini amua mapema. Nimesoma rasimu ambayo mashine ina transfoma na sakiti breka hadi sehemu ya 8, halafu ya 9 ikaharibika na mganga akaitengeneza kwa kuku mweusi. Mwandishi alikuwa hajui jinsi ya kutoka kwenye shimo alilochimba, akamwita mganga. Kama mganga yumo, awemo tangu sehemu ya 1, na kuku awe na bei.

Kidogo kuhusu matapeli, maana watatokea kwenye simulizi zenu na kwenye simu zenu pia. Mwaka 1872 huko Philadelphia mtu aitwaye John Keely alitangaza kwamba amegundua nguvu mpya inayotoka kwenye maji na hewa. Watu walimpa mitaji kwa zaidi ya miaka ishirini. Alipofariki 1898 waliochunguza jengo lake walikuta chini ya sakafu tufe kubwa la chuma la kuhifadhia hewa iliyoshindiliwa. Nawaeleza hili kwa ajili ya ufundi: tapeli mzuri ana sakafu, na mwandishi mzuri anajua chini yake kuna nini hata kama msomaji hataonyeshwa. Mimi mwenyewe niliwahi kufungua, kwenye meza ya mteja, kile kidude kinachochomekwa kwenye soketi kikidaiwa kupunguza uniti za LUKU. Ndani: kapasita moja na kitaa cha kijani. Mteja akanitazama, akatazama kitaa, akasema, "Lakini kinawaka." Sentensi hiyo nimeitia kwenye mdomo wa mhusika na inapendwa kuliko zote nilizobuni. Na mkianza kujulikana, watu watawatumia ujumbe wakitaka kununua mashine. Sitanii. Wajibuni wazi kwamba ni hadithi, tena kwa maandishi.

Jambo jingine ambalo sikulijua mpaka nilipofokewa: umeme ukirudi. Mmeandika Kisima kinawasha mtaa wakati wa mgao, vizuri, na gridi, yaani umeme wa taifa, ikirejea wakati Kisima bado kimechomekwa? Mitambo yote iliyo kwenye gridi, ya Kidatu, ya Kinyerezi, ya Rufiji, inazunguka kwa mapigo mamoja, kama wapiga ngoma kwenye harusi. Anayeingia anasikiliza kwanza, anajilandanisha, ndipo anapiga. Mashine ya dunia nyingine haijui mapigo ya huku. Ikikutana na gridi nje ya mapigo, kishindo chake si cha taa kupepesa. Nyaya zinaungua, na kitu dhaifu kuliko vyote ndicho kinakwenda kwanza, mara nyingi ni breka, wakati mwingine ni nyumba. Ninyi mnaotafuta tukio la kufungia msimu, hilo hapo, bure.

Kuhusu kuuza sehemu, muda wa kurusha na namna ya kudhibiti wanaosambaza bila kulipa, mtajifunza wenyewe, mimi bado naibiwa. La kwangu ni moja tu la kiutendaji: mtafute mtu mmoja anayeifanya kazi unayoiandika, umpe rasimu kabla ya kuirusha. Si rafiki wa kukusifia. Yule fundi wa laini sasa ndiye msomaji wangu wa kwanza, malipo yake ni vocha ya 2,000 na haki ya kunifokea. Sehemu ya 19 ilitakiwa itoke Ijumaa iliyopita. Ameizuia. Anataka nimchoree Kisima kimefungwa kabla ya mita ya LUKU au baada, maana kikiwa kabla, mita itaendelea kula uniti za watu kwa umeme ambao shirika la umeme halikuuzalisha, na hilo kijana wa Manzese hajamwambia mtu.